Ngoma ya Wakorino katika Mitaa ya Eastlands: Wimbo, Ngomezi au Maapizo?

Katika uainishaji wa fasihi simulizi unaofundishwa nchini Kenya, ngoma ina makao mawili. Ama huandamana na wimbo kama ala, ama husimama peke yake kama ngomezi, yaani ngoma inayosema badala ya kinywa: inayotangaza msiba, vita au ujio wa mgeni. Makala haya yanachunguza ngoma isiyoenea katika makao hayo, nayo ni ile ya Wakorino, isikikayo siku za ibada huko Kariobangi, Dandora, Kayole na Mathare.

Wakorino walichipuka miongoni mwa Wakikuyu mwishoni mwa miaka ya 1920, wakati wa mivutano baina ya wamishenari na wenyeji kuhusu ardhi, elimu na tohara ya wanawake. Waliitwa pia Arathi, yaani manabii, na Watu wa Mungu. Serikali ya kikoloni iliwashuku, na mwezi Februari 1934 askari wake waliwaua watatu kati yao, akiwemo Joseph Ng'ang'a, katika msitu wa Ndarugu. Baadaye vilemba vyeupe viliingia Nairobi pamoja na wahamiaji waliotafuta kazi na mahali pa kulala.

Wimbo wao huanza kwa sauti moja. Kundi huitikia, ngoma hujiunga, kayamba na makofi yakafuata. Beti ni fupi, na mshororo mmoja huweza kurudiwa hata msikilizaji wa kando akadhani wimbo umekwama. Haujakwama. Kadiri mapigo yanavyoongezeka kasi ndivyo maneno yanavyopungua, na nafasi ya neno hushikwa na mtetemo wa mwili, mguno na kunena kwa lugha. Hapo ndipo unabii unapotarajiwa. Mhakiki aliyenukuu maneno peke yake atarudi chuoni na kibwagizo na beti mbili tatu, kisha ahitimishe kuwa utungo huu ni maskini. Atakuwa amebeba ganda, kiini amekiacha uwanjani.

Nadharia inaweza kusaidia hapa. Malinowski, katika kitabu chake cha 1935 kuhusu bustani za Watrobriandi, alionyesha kuwa maneno ya kiganga hutengwa makusudi na usemi wa kila siku, na kwamba nguvu yake haitenganishwi na msemaji, mahali na tendo. Austin (1962) alieleza kuwa kuna kauli ambazo kuzitamka ni kutenda. Tambiah (1968) alipinga wazo kwamba maneno ya namna hiyo ni upuuzi usio na maana. Kwake, neno na tendo hufumwa pamoja. Kwa mtazamo huu, maapizo ndiyo jamaa wa karibu wa wimbo wa Wakorino, kwa kuwa nayo hutenda. Hata hivyo, maapizo hutegemea maana ya maneno na hadhi ya anayeapiza, ilhali hapa kazi huendelea hata maneno yakiisha. Ngomezi nayo huhitaji hadhira inayoijua fumbo la mapigo. Ngoma ya Mkorino haina fumbo la kufumbuliwa: haitangazi kwamba Roho anakuja, bali humtengenezea njia. Kwa kukosa istilahi iliyozoeleka, utungo huu waweza kuitwa wimbo-tendo.

Kuuita wa kichawi hakufai. Kiswahili hutofautisha uchawi, unaodhuru, na uganga, unaotibu, na Wakorino wenyewe huvikataa vyote viwili. (Wanafunzi wanaosoma Kinjeketile ya Ebrahim Hussein, 1969, mara nyingi hukimbilia siasa ya maji na kuipita haraka hali ya Kinjeketile kupagawa na Hongo, ingawa bila hali hiyo neno lake lisingekuwa na nguvu kwa watu.)

Suala hili si la darasani tu. Kanuni za kudhibiti kelele za mwaka 2009 zimeweka desibeli 35 kuwa kikomo cha usiku katika makazi, kuanzia baada ya saa mbili usiku hadi saa kumi na mbili asubuhi. Kipimo ambacho hata mazungumzo ya kawaida hukivuka. Jirani aliyetenganishwa na kesha kwa ukuta mmoja, akiwa na mtoto mchanga au zamu ya alfajiri, ana haki yake. Lakini kipimo hicho husikia ukubwa wa sauti pekee. Ngoma iliyofifishwa haibaki kuwa tendo lile lile kwa sauti ndogo.

Badiliko lingine ni la polepole zaidi, nalo linamhusu moja kwa moja mwanafunzi wa Kiswahili. Nyimbo hizi zilitungwa kwa Gĩkũyũ, lugha ya toni, ambamo kupanda na kushuka kwa sauti hubeba maana. Vijana waliozaliwa Kayole na Dandora huzungumza Kiswahili na Sheng. Wimbo unapotafsiriwa, mkazo huangukia silabi ya pili kutoka mwisho, neno hurefuka au kufupika, na pigo lililokuwa limekaa juu ya toni hubaki bila pa kukaa. Mpigaji hulazimika kuchagua: aufuate mkazo mpya, au aishike ngoma ya zamani na kuyaacha maneno yajipange yenyewe.