Tulikuwa Mafundi wa Chuma: Kijana, Unaipokeaje Teknolojia?



Wapendwa vijana, tukisikia "mapinduzi ya teknolojia" wengi tunawaza simu janja na akili mnemba, tena tunaona ni habari za Dar es Salaam, Nairobi au Marekani. Mimi ni mtoto wa Wampembe, kwenye mwambao wa Ziwa Tanganyika, chini ya milima ya Ufipa. Hata kwetu mapinduzi haya si mageni. Yamepita zaidi ya mara moja, na yana la kutufundisha.

Kabla ya kuendelea, fungua Biblia yako usome 1 Samweli 13:19-22. Ni habari ya wakati ambao Israeli yote haikuwa na mhunzi hata mmoja. Wafilisti walikuwa wamehakikisha hivyo. Mwisraeli akitaka kunoa jembe lake au shoka lake, ilimbidi awashukie Wafilisti, na alilipa. Ilipofika siku ya vita, askari hawakuwa na upanga wala mkuki. Shika jambo hilo moja: taifa linaweza kuwa na majembe na bado likawa halina fundi.

1. Malungu ya Ufipa

Wazee wetu Wafipa walikuwa wanayeyusha chuma wenyewe. Tanuru lao liliitwa ilungu, yakiwa mengi ni malungu. Lilijengwa kwa udongo, refu kumpita mtu, kama mita tatu hivi. Ndani walipanga mkaa na mawe yenye chuma. Chini yake palikuwa na matundu yenye mirija ya udongo, na hewa ilijivuta yenyewe kwa sababu ya urefu wa tanuru. Halikuvukutwa. Chuma kilichotoka kilisafishwa tena kwenye tanuru dogo lililoitwa kintengwe, na hapo ndipo mivukuto ilipotumika. Mwisho mhunzi alifua majembe, mashoka na mikuki.

Hebu fikiria maarifa yaliyokuwa hapo: kujua jiwe lipi lina chuma, mti upi unatoa mkaa mzuri, moto ukae kiasi gani. Hawa walikuwa wahandisi, ingawa hawakuitwa hivyo. Na jembe halikuwa la kulimia tu, lilitolewa pia mahari.

Hata Kanisa lilikutana na ufundi huo. Mwaka 1914 Padre Wyckaert, Mmisionari wa Afrika, alichapisha katika jarida la Anthropos makala kuhusu wahunzi wapagani na wahunzi Wakristo wa Tanganyika. Maana yake waliobatizwa waliendelea kufua chuma. Imani haikuwanyang'anya nyundo.

Kilichozima malungu ni bei. Majembe ya viwandani na vyuma chakavu kutoka Ulaya vilikuja kwa urahisi, na kufikia katikati ya karne ya 20 moto ulikuwa umepoa karibu kote. Tusidanganyane, jembe la dukani lilipunguza mzigo. Kuyeyusha chuma kulikula miti mingi na siku nyingi za kazi. Mama aliyepata jembe kwa bei nafuu hakuwa na sababu ya kulia. Hasara ilikuwa kwingine: mjukuu wa mhunzi alibaki kuwa mteja. Leo ukipita Ufipa utakuta magofu ya malungu na mavi ya chuma yametapakaa chini, na vijana wengi tunapita bila kujua ni nini.

2. Meli iliyokuja kwenye masanduku

Mapinduzi ya pili yalikuja na reli na meli. Mwaka 1913 huko Papenburg, Ujerumani, kiwanda cha Meyer kilitengeneza meli, kikaifungua tena vipande vipande na kuipakia kwenye masanduku yapatayo 5,000. Yalishushwa Dar es Salaam yakapelekwa Kigoma, ambako reli ilifika mwaka 1914. Meli ikaunganishwa na kushushwa majini mwaka 1915 kwa jina la Graf von Götzen. Ilikuja kwa ajili ya utawala na vita. Mwaka 1916 Wajerumani wenyewe waliizamisha ili isichukuliwe na adui, ila wahandisi wake waliipaka mitambo grisi kwanza ili isiharibike. Waingereza waliiibua mwaka 1924, na mwaka 1927 ikarudi kazini ikiitwa Liemba, jina la kale la ziwa letu.

Meli ile ya vita ndiyo iliyokuja kubeba wagonjwa, wanafunzi, mapadre, dagaa na mahindi ya watu wa mwambao kwa miaka mingi. Tunajifunza kwamba chombo hakifungwi na nia ya aliyekileta. Kinaweza kugeuzwa kiwe cha huduma. Lakini ona pia kilichoiokoa: kuna watu walioijua mitambo yake.

3. Simu iliyo mkononi mwako

Sasa tupo kwenye mapinduzi ya tatu. M-Pesa ilianza Kenya mwaka 2007 na kufika Tanzania mwaka 2008. Kabla ya hapo, kumtumia mama hela kijijini ilibidi umpate msafiri mwaminifu. Leo ni dakika moja. Mvuvi anauliza bei ya dagaa Sumbawanga kabla hajauza. Jua linachaji simu mahali ambapo nguzo ya umeme haijafika. Kwa haya tumshukuru Mungu.

Lakini tuangalie na upande wa pili. Maombi ya mkopo wa chuo na ya ajira serikalini siku hizi ni mtandaoni, kwa hiyo asiye na bando au mtu wa kumsaidia anaachwa nyuma hata kama ana akili kuliko wote. Babu anampa mjukuu namba ya siri kwa sababu haoni maandishi. Matapeli wanatuma ujumbe wa "ile hela tuma kwenye namba hii". Na sisi vijana tunashinda tunasogeza video za watu wengine huku hatujui hata simu inavyofanya kazi. Akili mnemba nayo inajifunza kwa yaliyoandikwa. Kiswahili inakijua kiasi. Kifipa je, kama hatujakiandika?

Ndiyo habari ya malungu ikijirudia. Tukiwa wateja tu, tutakuwa tunashuka kwa Wafilisti kunoa majembe yetu.

Kanisa linatuelekeza nini?

Mwaka 1891 Papa Leo XIII alitoa waraka wa Rerum Novarum, akitetea wafanyakazi waliokandamizwa katika zama za viwanda. Tarehe 10 Mei 2025, Papa Leo XIV aliwaeleza makardinali kwamba alichagua jina hilo hasa kwa sababu hiyo: leo kuna mapinduzi mengine ya viwanda, pamoja na akili mnemba, na heshima ya mtu, haki na kazi vinahitaji kutetewa tena.

Tuna na mfano wa jirani kabisa. Adrien Atiman alitekwa utumwani akiwa mtoto, katika nchi ambayo leo ni Mali. Wamisionari wa Afrika walimkomboa, akasomea utabibu Malta, na mwaka 1889 akafika Karema, kwenye ziwa hili hili. Alihudumu kama tabibu na katekista hadi alipofariki mwaka 1956. Alitumia sayansi aliyosomea, na akajifunza dawa za miti za wenyeji. Alikuwa fundi wa elimu ya kigeni bila kudharau ya nyumbani, na yote akayatoa kwa wagonjwa.

Tufanye nini?

- Jifunze kutengeneza, siyo kutumia tu: kufunga sola, kurekebisha simu, kuandika programu. Anza na kimoja mwaka huu.
- Jumuiya yenu iwe na kijana wa kuwasaidia wazee mambo ya simu bila kuwaibia. Hiyo nayo ni huduma.
- Kaa na bibi na babu, andika maneno, methali na ufundi wanaoujua kabla hawajaondoka nao.

Maswali ya kujitafakari

1. Wiki hii simu yangu imenisaidia kumhudumia nani?
2. Ni nani katika familia yangu ameachwa nyuma na teknolojia?
3. Ni ufundi gani wa kwetu unaozimika mimi nikiangalia?

Tusali

Ee Mungu Muumba, uliyewapa wazee wetu hekima ya moto na chuma, utupe nasi akili ya kujifunza na moyo wa kuhudumia. Usituache tuwe watumwa wa vitu tulivyonunua. Mikono yetu iwe na ufundi, na ufundi wetu uwe na upendo. Kwa Kristo Bwana wetu. Amina.