SOMO LA AFYA KAZINI: BEGA LA MFANYAKAZI
Kutanua mkono na kubana mkono



Mkata miwa wa Busoga, mchuma chai wa Toro, mpakiaji wa magunia na mtu wa mashine ya kusokota nyuzi kule Jinja, wote hao wanakula kwa bega. Mashine ya kiwanda ikiharibika, fundi huifungua na kusema wazi ni sehemu gani iliyokwisha. Lakini bega la mfanyakazi likiharibika, sisi wenyewe husema maneno mawili tu: "Mkono unauma." Maneno hayo hayamtoshi daktari, wala hayatoshi mbele ya meneja. Kwa hiyo leo tujifunze jinsi bega linavyokwenda, hasa miendo miwili: kutanua, yaani kuupeleka mkono kando mbali na mwili, na kubana, yaani kuurudisha mkono ubavuni.

1. SEHEMU ZA BEGA

Bega lina mifupa mitatu. Wa kwanza ni mfupa wa mkono wa juu, ambao kichwa chake ni mviringo kama mpira. Wa pili ni kombe la mkono, ule mfupa bapa ulio nyuma mgongoni. Wa tatu ni mtulinga, unaopita mbele chini ya shingo.

Nyongani, mpira wa mfupa wa paja umezama ndani ya kikombe chenye kina. Begani sivyo. Kichwa cha mfupa wa mkono kimeegemea kisahani kidogo kilicho pembeni mwa kombe, na kisahani hicho hugusa kiasi cha robo hadi theluthi tu ya kichwa hicho kwa wakati mmoja. Ni kama chungwa lililowekwa juu ya kisahani cha chai. Ndiyo sababu mkono huweza kuzunguka pande nyingi kuliko mguu, na ndiyo sababu bega huteguka kwa urahisi.

Ni nini basi kinachozuia chungwa lisianguke? Pamoja na ngozi ngumu inayofunga kiungo, ipo misuli minne midogo inayotoka kwenye kombe. Kano zake hukizunguka kichwa cha mfupa kama vidole vinavyoshika chungwa. Juu yake kuna dari la mfupa, ambalo ni ncha ya kombe. Kano ya msuli wa juu hupita katika nafasi nyembamba iliyo chini ya dari hilo, pamoja na kifuko kidogo chenye ute wa kulainisha. Tukumbuke nafasi hiyo nyembamba, maana tutairudia.

2. KUTANUA

Simama wima, mkono ukining'inia ubavuni. Sasa uinue kwa kando. Ukilingana na bega, umefika digrii 90. Ukielekea juu kabisa, umekaribia digrii 180.

Msuli mkubwa unaofunika bega ndio unaonyanyua. Msuli mdogo wa juu husaidia tangu mwanzo, na pamoja na wenzake watatu hukaza kichwa cha mfupa kwenye kisahani ili kisipande na kugonga dari. Lakini kiungo hicho peke yake hakiwezi kuumaliza mwendo. Mwombe mwenzako aweke kiganja juu ya kombe lako wakati unapoinua mkono. Atalisikia kombe likigeuka. Mwaka 1944 wataalamu watatu wa Marekani, Inman, Saunders na Abbott, walichapisha uchunguzi wao juu ya jambo hili. Hesabu inayofundishwa hadi leo ni mbili kwa moja: katika digrii 180, kiasi cha 120 hutoka kwenye kiungo chenyewe na kiasi cha 60 hutoka kwenye kugeuka kwa kombe. Watu hutofautiana kidogo, lakini kanuni ni hiyo.

Jaribu jambo la pili, ila mwenye maumivu asilazimishe. Geuza mkono mpaka kidole gumba kitazame chini, kisha uinue kwa kando. Utakwama karibu na usawa wa bega. Sasa geuza kiganja kitazame juu: mkono unaendelea. Sababu yake ni kwamba mfupa wa mkono una nundu upande wa nje, na kiganja kikitazama chini nundu hiyo hukutana na dari. Ukigeuza kiganja, nundu hurudi nyuma na njia hufunguka.

3. KUBANA

Kubana kuna namna mbili. Ukishusha mkono polepole, uzito wake wenyewe ndio unaouvuta chini, na ule msuli mkubwa wa bega huachia kidogo kidogo, kama mtu anayeteremsha ndoo kisimani kwa kamba. Hivyo kushusha gunia taratibu ni kazi pia, na bega huchoka hata wakati wa kushusha.

Namna ya pili ni kubana kwa nguvu. Hapa hufanya kazi msuli wa kifua na msuli mpana wa mgongo. Weka gazeti lililokunjwa kwapani, libane, kisha ushike kifua chako kwa mkono wa pili: utausikia msuli umekuwa mgumu. Mkata miwa hutumia miendo yote miwili maelfu ya mara. Anatanua kuinua panga, anabana kulirudisha kwenye shina la muwa.

4. KWA NINI BEGA HUUMIA

Kwanza, umbali. Shika jembe kwenye ncha ya mpini ulinyooshe kando, utaona lilivyo zito kuliko ukilishika karibu na chuma. Mkono ulionyooshwa ni mpini wa namna hiyo, hata kama hukubeba kitu.

Pili, kukaa bila kupumzika. Msuli uliokazwa muda mrefu hubana mishipa yake yenyewe, damu haipiti vizuri, na uchovu huingia haraka.

Tatu, ile nafasi nyembamba. Mtu ambaye kano yake ya juu imeumia mara nyingi husikia maumivu mkono unapopita kati ya digrii 60 na 120, kisha hupata nafuu ukizidi hapo. Daktari Ernest Amory Codman wa Boston, Marekani, aliandika mwaka 1934 kitabu kizima juu ya bega na kukatika kwa kano hiyo. Wengi wa wagonjwa aliowaeleza walikuwa watu wa kazi za mikono.

5. MFANO

Mwenzetu mmoja wa idara ya kufungasha alikuwa akipanga maboksi kwenye rafu iliyo usawa wa masikio yake. Alipolalamika aliambiwa ni mvivu, maana alipoinua boksi kutoka sakafuni mpaka kiunoni hakuonyesha shida yoyote. Wenzake wa tawi walimwomba ainue mkono mtupu polepole na kusema "hapa" maumivu yanapoanza. Yalianza kabla ya kufika usawa wa bega. Wakaipima rafu kwa futi, wakaandika vipimo, wakavipeleka kwenye mkutano. Hoja haikuwa tena kama mtu huyu ni mvivu, ila rafu ina urefu gani. Ililetwa mbao ya kusimamia. Kitu kidogo, lakini kingeweza kuletwa miaka miwili kabla.

6. TUFANYE NINI

Tuweke kazi nzito chini ya usawa wa bega na karibu na mwili. Tubadilishane nafasi kabla bega halijachoka kabisa. Katika chai, meza ya kuchumia hupanda mwaka hadi mwaka mpaka kichaka kikatwe. Kupogoa kukichelewa, mabega ya wachumaji ndiyo yanayolipa.

Tuandike pia tarehe, kazi na mwendo unaouma. Orodha ya magonjwa yatokanayo na kazi ya Shirika la Kazi Duniani, iliyorekebishwa mwaka 2010, inataja kwa majina magonjwa kadhaa ya kiwiko, kifundo cha mkono na goti. La bega halikutajwa kwa jina, lakini kuna kifungu kinachoingiza magonjwa mengine ya misuli na viungo iwapo uhusiano wake na kazi utathibitishwa. Ndugu, uthibitisho huanzia kwa yule anayeweza kusema mkono wake unauma ukifika wapi.

MASWALI YA KUJADILIANA KATIKA TAWI

1. Ni kazi gani mahali petu inayomlazimu mtu kuinua mkono kupita digrii 60? Mara ngapi kwa saa?
2. Ni meza, rafu au mashine gani inayoweza kushushwa, au mfanyakazi akainuliwa?
3. Nani katika tawi letu ataandika vipimo hivyo kabla ya mkutano ujao?

Umoja ni nguvu.