Kidole Husema, Maktaba Hufasiri

Watu wengi watumiao kompyuta ya mkononi hudhani kwamba ile padi ya kugusa iliyo chini ya vitufe inazifahamu ishara za vidole. Husogeza vidole viwili, ukurasa ukapanda, hukaribisha vidole viwili pamoja, picha ikapungua, nao husema, "Padi hii ina akili." Kwa kweli padi haina akili hata kidogo. Akili iko mahali pengine, na yafaa tupajue mahali hapo, maana asiyepajua huweza kuitupa kompyuta nzima kwa kosa la faili moja.

Na tuitazame kazi hii kwa mfano wa korti ambamo shahidi haijui lugha ya hakimu. Wako watu wanne: shahidi, tarishi, mkalimani na hakimu.

Shahidi ni padi. Chini ya uso wake kuna nyaya nyembamba zilizopangwa kama wavu, zenye umeme kidogo sana. Mwili wa mtu hupitisha umeme, kwa hiyo kidole kikigusa, kipimo cha umeme mahali pale hubadilika, na padi hutambua mahali palipoguswa. Ndiyo sababu ukigusa kwa kijiti kikavu hapatokei kitu. Kompyuta za Apple ziitwazo PowerBook 500 zilitolewa na padi ya kugusa mwaka 1994, na baadaye padi zikaenea katika kompyuta za kampuni nyingi. Lakini yote awezayo shahidi huyu kusema ni haya: "Kidole kimoja kipo hapa, cha pili kipo pale, cha kwanza kimeondoka." Habari za kurasa na picha hazijui.

Tarishi ni draiva, yaani programu ndogo ipokeayo maneno ya padi na kuyafikisha ndani ya mfumo wa kompyuta. Padi za viwanda mbalimbali zina namna mbalimbali za kusema, na kazi ya draiva ni kuyaandika maneno yao kwa namna moja. Katika mfumo wa Linux, ulioanzishwa na Bwana Linus Torvalds mwaka 1991, habari hizi hupitia faili zilizomo katika folda ya /dev/input. Kila kidole hupewa namba yake, ili cha kwanza kisichanganywe na cha pili. Hata hapa bado hapana ishara. Pana namba tupu.

Mkalimani ni maktaba. Neno hili lisitupoteze. Si nyumba ya vitabu. Maktaba ya programu ni faili yenye maarifa ambayo programu nyingi huyaazima, kama wanafunzi wengi waazimavyo kamusi moja badala ya kila mmoja kujiandikia yake. Katika Linux maktaba itumiwayo sana kwa kazi hii ni libinput, iliyoanzishwa na Bwana Jonas Ådahl na kutunzwa kwa miaka mingi na Bwana Peter Hutterer. Toleo lake la 1.0 lilitoka mwaka 2015.

Hebu tumwone mkalimani kazini. Kidole kimegusa kikaondoka upesi bila kusogea: huko ni kubofya. Kimegusa kikasogea: mshale usogezwe. Vidole viwili vinakwenda upande mmoja: ukurasa upandishwe au ushushwe. Viwili vinaachana: picha ikuzwe. Vitatu au vinne vinateleza pamoja: hiyo ni ishara nyingine kabisa.

Pengine utasema kazi hii ni rahisi. Lakini fikiri: vidole viwili vikigusa tu, mkalimani hajui bado kama vitakwenda pamoja au vitaachana. Akingoja mno, kompyuta itaonekana nzito. Akiharakisha mno, atafasiri vibaya. Tena kiganja kikiangukia padi wakati mtu anapiga chapa, lazima akipuuze. Na kwa kuwa ziko mashine zenye kasoro zake za peke yake, libinput ina faili nyingine, zenye majina yanayoishia kwa .quirks, zinazomweleza namna ya kuzitendea mashine hizo.

Hakimu ni programu iliyo mbele yako. Mkalimani husema, "Vidole vitatu vimeteleza kushoto." Lililo la kufanya, hakimu ndiye aamuaye.

Sasa tuone faida ya elimu hii. Padi ikigoma, usianze na bisibisi. Kwanza hakikisha kwamba haikuzimwa kwa kitufe. Kisha, katika Linux, andika amri hii: sudo libinput list-devices. Padi ikitajwa, tarishi yupo kazini. Halafu andika: sudo libinput debug-events, uguse padi. Mistari ikitokea, mkalimani anasikia. Basi kosa litafute katika mipango ya programu. Padi isipotajwa kabisa, shaka ni juu ya draiva au padi yenyewe; ujaribu toleo jipya la mfumo kabla ya kuihukumu padi. Katika Windows maktaba huwa na majina yanayoishia kwa .dll. Huko usichukue draiva wala maktaba kwa mtu usiyemjua, bali kwa mtengenezaji mwenyewe. Tarishi mwongo aliyekwisha kuingia ndani ya nyumba ni vigumu kumtoa.

Wanafunzi wenzangu, nanyi ndugu zetu mliokwisha kutoka shuleni, libinput ni mali ya wote. Sharti zake zamruhusu kila mtu kuisoma na kuitengeneza. Mtu mwenye mashine yenye kasoro aweza kuyanakili maneno ya padi yake kwa amri ya libinput record, akawapelekea watunzaji. Wakipata dawa yake, kila mwenye mashine ya namna ile atapona. Kompyuta nyingi kuukuu zawekwa stoo kwa kosa ambalo si lao. Kabla ya kumfunga shahidi, mwulizeni kwanza mkalimani.

Maswali

1. Kwa nini kijiti kikavu hakisogezi mshale?
2. Eleza tofauti ya kazi ya draiva na kazi ya maktaba.
3. Padi imetajwa katika orodha, na mistari inatokea ukiigusa, lakini ukurasa haupandi. Kosa utalitafuta wapi?