Kazi za Mtandaoni Ukiwa Kau: Jiandae Kabla ya Kuwasha Data

Kijana wa Kau, kando ya Mto Ozi, anaweza kufanyia kazi kampuni ya Nairobi au London bila kuhama kwao. Kinachowakwamisha wengi ni kuwasha data kwanza, ndipo waanze kutafuta cheti kiko wapi na barua iandikwe vipi. Kifurushi kinaisha na ombi halijaenda. Maandalizi yote yafanye bila mtandao. Data iwe ya kutafuta na kutuma tu.

1. Chagua ustadi mmoja

Kuna unukuzi, yaani kuandika sauti zilizorekodiwa. Kuna tafsiri, uhariri, kuingiza data na kuhudumia wateja. Anza na ule unaouweza leo. Mtu wa huku Tana Delta ana mtaji wa lugha: Kiswahili cha pwani, na pengine Kipokomo au Kiorma juu yake. Kama huna ustadi bado, Ajira Digital, mpango wa serikali ulioanza mwaka 2016, hutoa mafunzo bila malipo.

2. Tengeneza sampuli

Mwajiri hakujui, kwa hiyo mwonyeshe kazi. Mwombe mzee wa mtaani ruhusa, umrekodi kwa simu dakika tano akieleza jambo analolijua. Andika neno kwa neno. Kila msemaji anapobadilika, weka jina lake na dakika yenyewe, kwa mfano 02:15. Kisha tafsiri maandishi hayo kwa Kiingereza. Tayari una sampuli mbili, ya unukuzi na ya tafsiri, hata kama hujawahi kuajiriwa.

3. Weka kila kitu katika folda moja

Wasifu wa ukurasa mmoja katika PDF, vyeti, PIN ya KRA na sampuli zako. Jina liwe lile lile kwenye kitambulisho, PayPal na M-Pesa, maana likitofautiana malipo huweza kuzuiwa. Tangu mwaka 2018, pesa za PayPal zinaweza kuhamishwa hadi M-Pesa.

4. Andika barua kwa kila tangazo

Fungua matangazo, yahifadhi kwenye simu, kisha zima data na uyasome kwa utulivu. Jibu kile kilichoulizwa, kwa lugha ya tangazo. Barua fupi yatosha: "Mnahitaji mtu wa kunukuu mahojiano ya Kiswahili. Nimeambatisha sampuli ya dakika tano. Ninaweza kukamilisha dakika thelathini za sauti kwa siku, kuanzia Jumatatu." Maombi matatu ya namna hii yanashinda thelathini yanayofanana. Mtandao ukiyumba, subiri utumie siku unayokwenda mjini Garsen, lakini usingoje siku ya mwisho.

Ukiitwa kwa mahojiano, hakikisha saa. Saa tatu asubuhi ya London ni saa tano au saa sita mchana kwetu, kutegemea msimu. Ya New York ni saa kumi alasiri au saa kumi na moja jioni.

5. Piga hesabu kabla ya kukubali

Unukuzi hulipwa kwa dakika ya sauti, si kwa dakika uliyoketi ukiandika. Tuseme unalipwa senti 60 za dola kwa dakika. Saa moja ya sauti ni dola 36. Ikikuchukua saa sita kuiandika, umepata dola 6 kwa saa, na bado hujatoa data wala makato. Tovuti ya kazi ya Fiverr, kwa mfano, hukata asilimia 20 ya malipo.

6. Mtambue tapeli

Mwajiri wa kweli hakuombi ada ya usajili, ya mafunzo wala ya "kufungua" mshahara wako. Tovuti ya kazi ya Upwork huuza alama za kuombea kazi ziitwazo Connects, lakini hizo hununuliwa ndani ya tovuti yenyewe, hazitumwi kwa namba ya mtu. PIN ya M-Pesa usimpe yeyote. Usinunue wala kukodi akaunti ya mtu mwingine: ikifungwa, jasho lako limepotea. Picha ya kitambulisho usiitume kabla hujajua unafanya kazi na nani.

7. Usitegemee mlango mmoja

Machi 2024, tovuti ya kazi ya Remotasks ilifunga huduma zake Kenya ghafla, na waliokuwa wakiitegemea peke yake wakabaki mikono mitupu. Uwe na wateja kutoka sehemu mbili au zaidi, na nakala za kazi zako ziwe kwenye simu yako. Mvua kubwa zikitabiriwa mtoni na huenda zikakuchelewesha, mjulishe mteja mapema na umpe siku mpya ya kukabidhi. Mteja aliyeambiwa mapema huvumilia; aliyeachwa kimya humtafuta mwingine.

Jioni ya leo, kabla hujanunua kifurushi, chagua ustadi wako na urekodi hizo dakika tano. Ukishakuwa na sampuli mkononi, ombi la kwanza unaweza kulituma wiki hii.