Ajira ya Huruma, Mshahara Kamili

Nchini India, mtumishi wa serikali kuu akifariki akiwa kazini, familia yake inaweza kuomba mmoja wao aajiriwe bila kupita kwenye mtihani wa ushindani. Anaweza kuwa mjane au mgane, mtoto wa kumzaa au wa kulea kisheria. Na kama marehemu hakuwa na ndoa, ndugu yake aliyemtegemea. Mpango huo ulipangwa upya Oktoba 1998. Mlango wake ni mwembamba: asilimia 5 tu ya nafasi za ajira mpya katika Kundi C, ngazi ya makarani na wahudumu.

Kupata nafasi yenyewe si haki. Mahakama ya Juu ya India ilikata shauri hilo mwaka 1994 katika kesi ya Umesh Kumar Nagpal, ikisema kwamba kifo cha mtumishi peke yake hakiipi familia haki ya kazi. Lengo ni kuikwamua familia iliyoangukiwa na dhiki ya ghafla.

Lakini akishaajiriwa, hadithi inabadilika, na hapa ndipo wengi hunyamazia chao kwa kudhani kwamba aliyepewa kwa huruma hana uso wa kudai. Mpango unaagiza ajira hii iwe ya kudumu, kwenye nafasi ya kudumu iliyo wazi. Kwa hiyo aliyeingia kwa msiba na aliyeshinda mtihani, wakiwa daraja moja, huanza na mshahara mmoja. Tangu Januari 1, 2016, daraja la kwanza huanzia rupia 18,000 kwa mwezi kabla ya posho. Nyongeza ya mwaka ya asilimia 3, posho ya kupanda kwa gharama za maisha, posho ya pango: vyote ni vyake. Tofauti iko kwenye ukubwa kazini, kwani huwekwa mkiani mwa wote walioajiriwa mwaka ule. Hilo laweza kumchelewesha kupanda cheo, ila halipunguzi hata rupia moja ya mshahara wake wa sasa.

Anayeumia ni yule asiyetimiza kiwango cha elimu. Huyo huchukuliwa kama mwanafunzi wa kazi. Katika mfumo wa mishahara wa mwaka 2006 aliwekwa kwenye ngazi ya rupia 4,440 hadi 7,440, na muda aliokaa humo haukuhesabiwa kuwa utumishi. Kijana aliyechelewa kufanya mtihani wa darasa la kumi alipoteza fedha na miaka pia. Wajane waliondolewa kwenye kikwazo hicho: mjane aliyepewa kazi ya uhudumu aliingia moja kwa moja kwenye ngazi ya kawaida, mradi ofisi iridhike kwamba ataimudu kazi kwa kufundishwa akiwa kazini. Ni haki iliyochelewa, lakini ni haki.

Madai mengine hayafiki mbali. Mwaka 2021, katika kesi iliyotoka Uttar Pradesh, mjane wa tarishi wa polisi aliomba nafasi ya juu kuliko ya mumewe kwa sababu ya elimu yake. Mahakama ya Juu ilikataa: kipimo ni cheo cha marehemu. Aliyekwisha kupokea nafasi moja hawezi pia kurudi kuomba nyingine bora kwa huruma ileile. Na akiwatelekeza wategemezi wengine wa marehemu aliowaahidi kuwatunza kwa maandishi, anaweza kufukuzwa kazi. Pensheni ya mjane wa marehemu, kwa upande wake, haikatwi kwa sababu mwanawe ameajiriwa.

Majimbo yana kanuni zao. Gujarat ilifuta ajira hizi mwaka 2011 na kuweka malipo ya mkupuo. Kwa hiyo mwajiriwa aanze kwa kujua kanuni zipi zinamhusu, za serikali kuu au za jimbo, kisha asome barua ya ajira kabla ya kutia sahihi. Akiona neno "mwanafunzi" ilhali elimu yake inatosha, aandike malalamiko mapema na abaki na nakala yenye muhuri wa mapokezi.