Macho ya Watu Njiani

Mdogo wangu wa Tabora, leo naongea na wewe mwenye ualbino. Najua unavyotembea. Kofia pana, mikono mirefu, masikio yote nyuma. Bodaboda ikipunguza mwendo unajibanza chini ya mwembe mpaka ipite. Sokoni mtu akikukazia macho, unasahau hata ulichotumwa.

Watakuambia, "Unajishtukia tu." Mimi sitakuambia hivyo. Mwaka 2009 Waziri Mkuu Mizengo Pinda alilia bungeni kwa ajili ya mauaji ya watu wenye ualbino. Mwaka 2015 serikali ikapiga marufuku wapiga ramli kwa sababu ya mauaji hayohayo. Na bado mwaka 2024, kule Muleba, mtoto mdogo mwenye ualbino alinyakuliwa nyumbani kwao akauawa. Woga wako una sababu, na anayekucheka hajui anachokicheka.

Ila nauonea huruma mwili wako. Kila siku uko lindo. Usingizi wa kushtukashtuka, kichwa kinagonga, ukurasa mmoja unausoma mara tatu na haukai, mama akikuita tu unamjibu kwa ukali halafu unalia. Usidhani unarukwa na akili. Mwili wako ni mlinzi aliyekesha miezi bila kupokewa zamu.

Basi mpokee zamu. Wapagazi wa Kinyamwezi waliokwenda pwani na pembe za ndovu walisafiri kwa msafara, na kambini walijizungushia boma la miiba, ndipo watu wakalala. Nawe tafuta msafara wako. Mwambie rafiki unayemwamini: "Leo wewe angalia nyuma, mimi nipige hadithi." Usiku kaka akague komeo, akuambie amekagua, na wewe usiinuke tena kulijaribu. Pikipiki uliyoiona mara mbili nyuma yako, shika namba yake, mpelekee mwenyekiti wa mtaa au polisi siku hiyohiyo. Usilale nayo kifuani. Usingizi ukigoma wiki kadhaa, nenda hospitali ukaseme hivyohivyo, "silali, naogopa." Hayo ni maradhi kama maradhi mengine.

Na ninyi wengine mnaosoma, mnaomwangalia binti huyu kituo cha treni toka anashuka mpaka anapotea: hamna nia mbaya, naamini. Lakini yeye atajuaje? Macho yakishagongana, fungua mdomo. Msalimie, "Mwangaluka," usubiri akuitikie.