Sharubati ya Ndimu kwa Matunda Yetu: Tunaanza na Maji

Joto la kaskazi limeshika, kutoka Mtwapa hadi Marereni, na kati ya Desemba na Machi hakuna nyumba isiyotafuta kitu baridi cha kunywa. Bahati nzuri ni kwamba joto hili huja pamoja na matunda. Maembe yako kwenye msimu wake, tikiti maji zimepangwa kando ya barabara, ukwaju na ubuyu vinapatikana Ganze na Magarini, na ndimu hazikosekani gengeni. Makala haya yanaeleza jinsi ya kutengeneza sharubati ya ndimu yenye ladha ya matunda kwa matumizi ya nyumbani, kwa futari Ramadhani inapoangukia kaskazi, au kwa biashara ndogo.

Kabla ya ndimu na kabla ya sukari, tuzungumze kuhusu maji. Wengi wetu tumelelewa tukiamini kwamba ndimu inaua vijidudu, kwa hivyo maji ya kisima au ya mfereji yakishatiwa ndimu yamekuwa salama. Imani hiyo ina chembe ya ukweli. Asidi ya ndimu huvidhoofisha vijidudu vingi, kikiwemo kile cha kipindupindu. Lakini kwenye sharubati ndimu huwa imezimuliwa: kikombe kimoja cha maji ya ndimu kwa vikombe saba vya maji. Ukali unaousikia ulimini si kipimo cha usalama. Mlipuko wa kipindupindu uliotangazwa nchini Oktoba 2022 ulifika kaunti kadhaa, jirani zetu wa Tana River wakiwemo, na ugonjwa huo husambaa kwa maji na vyakula vilivyochafuliwa na kinyesi. Jagi moja la sharubati kwenye sherehe linaweza kulaza ukoo mzima hospitalini.

Kwa hivyo chemsha maji mpaka yatokote kabisa, yaache yaendelee kutokota kwa dakika moja, kisha yafunike yapoe. Maji ya kisima au ya bwawa yenye matope yachuje kwanza kwa kitambaa safi. Ukitumia dawa ya klorini, fuata kipimo kilichoandikwa kwenye chupa na usubiri dakika 30 kabla ya kuyatumia.

Barafu nayo ni maji. Kugandisha hakuui vijidudu, huvilaza tu, na barafu ikiyeyuka ndani ya glasi vinaamka. Tengeneza barafu kwa maji yaliyochemshwa. Na ile barafu ya vipande vikubwa inayouzwa kwenye bandari ya samaki ni ya kuhifadhi samaki. Haikutengenezwa iingie mdomoni, hata ukiisuuza.

Kipimo cha lita mbili

Chagua ndimu 10 hadi 12 zenye ganda laini lisilo na makunyanzi. Zioshe kwa maji safi kabla ya kuzikata, kwa sababu kisu hubeba uchafu wa ganda na kuuingiza ndani ya tunda. Hili ni muhimu zaidi kwa tikiti maji, ambalo limekuwa likilala shambani tangu likiwa changa. Zibiringishe ndimu juu ya meza kwa kiganja, au zitie kwenye maji ya uvuguvugu kwa dakika chache, nazo zitatoa maji mengi zaidi. Unahitaji kikombe kimoja cha maji ya ndimu, yaani kama mililita 250. Chuja mbegu. Wapo wanaosaga ndimu nzima na maganda yake kwenye blenda ili kuokoa muda. Ladha yake ni nzuri kwa dakika chache tu, kisha uchungu wa ganda na mbegu unatawala jagi zima.

Sukari usiitie moja kwa moja kwenye maji baridi, itazama chini nawe utaendelea kuongeza bila sababu. Tengeneza shira: kikombe kimoja cha sukari na kikombe kimoja cha maji, chemsha mpaka sukari iyeyuke yote, epua. Shira ikishapoa ndipo uchanganye na maji ya ndimu. Ukiichanganya ikiwa moto, unaharibu sehemu ya vitamini C na ladha inakuwa kama ya ndimu iliyopikwa. Ongeza vikombe sita vya maji yaliyochemshwa na kupoa, na chumvi kidogo sana, ile inayoshikika kwa vidole viwili. Utapata kama glasi nane.

Hapa nina ushauri ambao huenda wapenda utamu wasiufurahie. Kikombe kimoja cha sukari ni takriban gramu 200. Ukigawa kwa glasi nane, kila glasi ina gramu 25, sawa na vijiko sita vya chai. Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asizidishe takriban gramu 50 za sukari kwa siku, ikiwemo ile ya juisi za matunda, na ni bora zaidi akibaki chini ya 25. Glasi moja tu imeshafikisha kiwango hicho. Anza na nusu kikombe cha sukari, uonje, uache tunda lifanye kazi iliyobaki. Mwenye kisukari atumie maji ya ndimu bila shira.

Usichanganyie wala kuhifadhia sharubati kwenye sufuria ya alumini, kwa kuwa asidi hula madini hayo na kuyaingiza kwenye kinywaji. Jagi la kioo, la stili au la plastiki ya kuhifadhia chakula linafaa.

Matunda yenyewe

Embe ndilo linalopatana na ndimu kuliko yote, kwa maoni yangu, na msimu huu wakulima wanauza kwa bei ya kutupa wakati mengine yanaoza chini ya miembe. Ngowe mbili kubwa zilizoiva hutoa kama vikombe viwili vya rojo. Punguza vikombe viwili vya maji kwenye kipimo cha juu, utie rojo hilo badala yake. Embe lenye nyuzi lichujwe. Rojo likizidi, ligandishe kwenye vyombo vidogo safi, utakuwa na embe hata baada ya magari ya Kongowea kuondoka na mavuno.

Nanasi lina faida mbili. Nyama yake husagwa na kuchujwa, na maganda, yakishasuguliwa kwa maji safi, huchemshwa pamoja na kipande cha tangawizi kilichopondwa. Maji hayo yakipoa hushika nafasi ya maji matupu kwenye sharubati, na tayari yamechemka. Tikiti maji halihitaji maelezo mengi: badilisha vikombe vinne vya maji kwa juisi yake na usahau nusu ya shira. Pasheni, au karakara, isisagwe kwa muda mrefu, mbegu zikipasuka hutia uchungu.

Ndimu zikipanda bei, rudi kwa ukwaju na ubuyu. Vyote viwili ni vikali vyenyewe, kwa hivyo nusu ya ndimu inatosha. Ukwaju uloweke kwenye maji moto kwa nusu saa, ukamue kwa mikono iliyooshwa kwa sabuni, uchuje. Ubuyu uloweke kwenye maji ya uvuguvugu yaliyochemshwa na ukoroge mpaka unga mweupe uachane na mbegu. Nazungumzia ubuyu mweupe, si mabuyu mekundu ya kumung'unya, ambayo yamepakwa sukari na rangi.

Nyumba isiyo na friji

Sharubati iliyochanganywa isikae nje zaidi ya saa mbili, na jua likiwa kali kama la Januari, saa moja inatosha. Kwenye friji inywe ndani ya siku mbili. Kwa asiye na friji njia rahisi ni kutochanganya mapema. Weka shira kwenye chupa safi yenye kifuniko, acha ndimu zikiwa nzima, na maji yaliyochemshwa yakae ndani ya mtungi wa udongo, ambao huyapoza bila umeme. Kila mtu achanganyiwe glasi yake wakati wa kunywa. Mtungi uwe na kifuniko, na maji yachotwe kwa kata yenye mpini mrefu, si kwa kikombe cha kunywea kinachoingia na vidole.

Mtoto aliye chini ya miezi sita hahitaji sharubati wala maji hata siku ya joto kali. Maziwa ya mama yanamtosha, anyonye mara nyingi zaidi. Na mtu anayeharisha, mkubwa au mdogo, asitibiwe kwa sharubati, maana sukari nyingi inaweza kuzidisha kuharisha. Mpe ORS iliyochanganywa na maji safi kwa kipimo kilichoandikwa kwenye pakiti, na umfikishe kituo cha afya bila kungoja. Choo kikiwa kama maji ya mchele, kila saa ina maana.

Kwa wanaotaka kuuza

Vijana na akina mama wengi hupata riziki kwa kuuza juisi stejini na karibu na shule. Sheria ya Afya ya Umma, Sura 242, na Sheria ya Vyakula, Dawa na Kemikali, Sura 254, zinawahusu hata walio na meza moja. Muuzaji anahitaji kibali cha biashara na cheti cha afya cha mhudumu wa chakula, ambacho hupatikana baada ya kupimwa na hufanywa upya kila baada ya miezi sita. Vaa aprini na kifuniko cha kichwa, funika jagi dhidi ya nzi, na anayepokea pesa asiwe ndiye anayeshika barafu. Chupa zilizookotwa jalalani hazifai hata zikioshwa kwa maji moto, na vifuko vya nailoni vilipigwa marufuku tangu Agosti 2017. Anayetaka kufunga juisi kwenye chupa na kuipeleka madukani lazima kwanza apate alama ya ubora ya Shirika la Viwango, KEBS. Kwa vipimo na cheti, muulize afisa wa afya ya umma katika wadi yako, na uende na kitambulisho chako cha taifa.